Kazi Tatu, Saa Tatu: Kuandika, Kuongoza na Kupiga Filamu Fupi Mwenyewe Ukiwa Mwanza

Mtu anayeandika hadithi yake, akaiongoza na kuipiga kwa kamera yake mwenyewe, mara nyingi hakwami kwa kukosa ujuzi. Anakwama kwa sababu anazifanya kazi zote tatu kwa wakati mmoja. Yuko juu ya jiwe karibu na kivuko cha Kamanga, jua linashuka, mwigizaji anamuuliza kwa nini huyu mama hajibu kitu. Yeye mkono uko kwenye lenzi, jicho liko kwenye kioo, na kichwani anabadilisha maneno ya sini. Kinachopatikana ni picha nzuri ya watu wasiojua wanafanya nini. Dawa yake ni kuzipa kazi saa zake: kalamu ina saa yake, uongozaji una saa yake, kamera ina saa yake. Mwongozo huu unakwenda kwa mpango huo, kwa filamu ya dakika 10 hadi 15 inayopigwa Mwanza au popote kwenye mwambao wa Ziwa Victoria.

Wajerumani wana wapiga picha kadhaa waliofanya kazi hizi zote, na wawili tutawafuata kwa karibu kwa sababu njia zao zinafundisha. Karl Freund alizaliwa Bohemia mwaka 1890, akakulia Berlin, na akiwa na miaka 15 alikuwa msaidizi wa fundi wa mashine ya kuonyesha filamu. Kutoka hapo akashika kamera. Mwaka 1924, katika filamu iliyoongozwa na F. W. Murnau, alijifunga kamera kifuani na betri mgongoni ili uzito usimvute mbele, akatembea nayo kama mlevi ili mtazamaji aone dunia kwa macho ya mlevi. Mwaka 1927 alikuwa miongoni mwa walioandika filamu ya siku moja ya jiji la Berlin, kuanzia alfajiri hadi usiku. Alihamia Marekani 1929, akaongoza filamu kati ya 1932 na 1935, kisha akarudi kwenye kamera na kupata tuzo ya Oscar ya upigaji picha kwa filamu ya 1937. Tunalisisitiza hilo la kurudi, maana hapa kwetu mtu akishaitwa dairekta huona aibu kushika tena kamera ya mwingine. Hakuna aibu hapo. Ndiyo namna ya kula na ya kuendelea kujifunza.

Wa pili ni Ulrike Ottinger, aliyezaliwa 1942 Konstanz, mji ulio kando ya ziwa kubwa mpakani mwa Ujerumani na Uswisi. Huyu anaandika, anaongoza na anapiga picha mwenyewe, na amefanya hivyo tangu miaka ya 1970. Silaha yake ni kitabu cha kazi: kabla ya kupiga chochote anakusanya picha, michoro, vipande vilivyokatwa na kubandikwa, na maandishi, vyote mahali pamoja. Hapo ndipo tutakapoanzia.

Kalamu

Nunua kauntabuku ya kwaya tatu. Simu ina faida zake, lakini huwezi kubandika picha kwenye simu na kumpa baba mwenye mtumbwi aishike akaitazama. Kila sini ipate kurasa mbili zinazotazamana. Kulia andika maneno ya sini. Kushoto bandika picha ya mahali uliyoipiga mwenyewe saa ileile utakayopiga filamu, kisha chini yake andika mambo manne: saa, jua liko upande gani, mwanga unaotarajia, na sauti zilizopo pale. Hilo la mwisho linasahaulika sana. Picha ya Igogo inapendeza, ila haikuonyeshi mashine ya kusaga iliyo nyuma ya ukuta.

Ukurasa mmoja wa skripti iliyopangwa vizuri ni takriban dakika moja ya filamu. Kwa hiyo andika kurasa 10 hadi 12, mahali pasipozidi patatu, waigizaji wasiozidi wanne wenye maneno. Ukizidisha mahali, siku zako zitakwisha njiani, ukipakia na kupakua vifaa kwenye bajaji.

Hadithi za ziwani huharibika kwa kitu kimoja: mwandishi anaandika ziwa kama pambo. Wahusika wanazungumza, ziwa liko nyuma yao, na sini hiyohiyo ingeweza kufanyika Nyegezi stendi bila kubadilika neno. Jiulize kila ukurasa: ziwa linafanya nini hapa? Linachelewesha mtu? Linaficha kitu? Magugu maji yameziba gati na mtumbwi hauwezi kutoka? Kama jibu ni kwamba linapendeza tu, hamisha sini au ifute.

Lugha nayo iamuliwe hapa, si siku ya kupiga. Mzee wa Kisukuma anayezungumza na mkewe usiku hatumii Kiswahili cha taarifa ya habari. Andika maneno yake kwa Kisukuma, au Kikerewe kama uko Ukerewe, na mpe mzungumzaji mzawa ayapitie. Tafsiri ya chini ya picha isizidi mistari miwili, kila mstari kama herufi 40. Mtazamaji hawezi kusoma zaidi ya hapo huku anaangalia uso.

Skripti ikishafungwa, imefungwa. Weka tarehe kwenye ukurasa wa kwanza. Kuanzia tarehe hiyo wewe si mwandishi tena, na ukitaka kubadilisha sini subiri jioni mkiwa mmeshapumzika, usibadilishe mbele ya waigizaji.

Kulijua jua la hapa

Vitabu vingi vya upigaji picha vimeandikwa na watu wanaoishi mbali na ikweta, na ndiyo maana ushauri wao wa mwanga wa dhahabu unawapoteza watu. Mwanza iko nyuzi mbili na nusu tu kusini mwa ikweta. Jua hapa linashuka karibu wima, nyuzi 15 kwa saa. Likiwa nyuzi sita juu ya maji, una dakika 24 tu kabla halijazama. Baada ya hapo unabaki na mwanga wa kufanyia kazi kwa dakika 20 hivi. Berlin mwezi Juni, mwanga huo wa baada ya machweo unafika karibu dakika 50, kwa sababu jua linashuka kwa kulala. Mjerumani anaweza kupiga sini nzima ya machweo kwa jioni moja. Wewe huwezi. Kwa dakika 24 tegemea shoti tatu, nne kama mmefanya mazoezi ya kutosha. Hadithi yenye sini nne za machweo inahitaji jioni nne, na jioni moja ya akiba kwa mawingu.

Saa zenyewe: jua linachomoza Mwanza kati ya saa 12:25 asubuhi, mwanzoni mwa Novemba, na karibu saa 1 kamili mwezi Februari. Linazama kati ya saa 12:35 jioni na saa 1:07 usiku kwa miezi hiyohiyo. Usidhani ni saa 12 kamili kwa kuwa tuko karibu na ikweta. Saa zetu zinafuata nchi nzima, na sisi tuko magharibi.

Upande pia ni muhimu. Ukiwa Mwanza mjini au Musoma, maji yako magharibi: machweo yanatokea ziwani, na asubuhi jua liko nyuma yako likiwamulika watu wanaotazama maji. Bukoba ni kinyume, jua linachomoza kutoka ziwani. Kama hadithi inataka mvuvi arudi alfajiri na jua likiwa nyuma yake majini, usijilazimishe kuipiga Kirumba, hapa Mwanza. Nenda Bukoba, au vuka hadi upande wa Sengerema ambako maji yako mashariki.

Kati ya saa 5 asubuhi na saa 9 alasiri jua liko utosini, na katikati ya Machi na mwishoni mwa Septemba linapita juu kabisa. Macho yanakuwa mashimo meusi. Saa hizo piga ndani, au chini ya mwembe, au kwenye kivuli cha mawe yetu makubwa. Kivuli cha jiwe ni kizuri kuliko watu wanavyodhani: mwigizaji akae hatua mbili ndani ya kivuli akitazama nje kwenye uwazi, na anga lote linakuwa taa moja pana na laini mbele ya uso wake. Akiingia ndani sana uso unazima, na akiwa ukingoni kabisa jua linampiga begani na kuchoma picha, yaani pale panabaki peupe tupu.

Namba za kamera

Weka fremu 25 kwa sekunde na shata (muda wa kila fremu kupokea mwanga) 1/50 ya sekunde. Umeme wetu ni wa hezi 50, na shata hiyo inazuia taa za nyumbani zisicheze. Ukiweka fremu 24 na shata 1/60 kwa sababu umeona kwenye video ya Mmarekani, utaona mistari ikitembea ukutani kila unapopiga ndani, na haitoki kwenye uhariri.

Sasa tatizo la mchana. Jua kali, ISO 800 (wepesi wa kamera kuhisi mwanga), shata 1/50, lenzi f/4 (upana wa tundu lake): mwanga umezidi kwa stopu nane, na kila stopu ni mwanga mara mbili. Ukiwa na ISO 100 umezidi kwa tano. Ongeza nusu stopu hadi moja ukiwa juu ya maji au mchanga mweupe. Kwa hiyo filta ya ND, kioo cheusi cha kupunguza mwanga mbele ya lenzi, si anasa, ni kifaa cha kwanza baada ya lenzi. Wengi hukwepa kwa kupandisha shata hadi 1/1000, na ndipo mikono ya mvuvi anayevuta nyavu inapoonekana ikirukaruka kama picha zilizokatwa. Filta za ND za kuzungusha za bei ya chini huacha msalaba mweusi katikati ya picha ukizizungusha hadi mwisho. Bora moja ya stopu tatu na nyingine ya stopu sita zilizotulia, uzipachike pamoja unapohitaji.

Polaraiza, filta ya kupunguza mng'ao, nayo iwepo, inakula stopu moja na nusu hadi mbili. Inafanya kazi vizuri zaidi unapotazama maji kwa mshazari wa kama nyuzi 37 kutoka usawa wa maji. Lakini usiizungushe hadi mng'ao wote uishe. Ziwa lisilo na mng'ao linaonekana kama bwawa la matope. Na inaondoa pia mng'ao wa ngozi, jambo linalotuleta kwenye suala ambalo wapiga picha wengi wa harusi wanalikosea.

Ngozi nyeusi haing'azwi kwa kumwaga mwanga mwingi mbele. Inaonekana kwa kitu kinachoakisiwa juu yake. Chukua ubapa mweupe mkubwa, uweke ubavuni mwa mwigizaji, usogeze hadi uone mstari wa mng'ao kwenye shavu na paji la uso. Shuka jeupe la pamba lililonyoshwa kwenye fremu ya mbao ya mita moja na nusu kwa mbili linatosha, na yale maboksi meupe mepesi ya kupakia minofu ya sangara ukiyafungua yanafanya kazi hiyo vizuri sana. Kwenye kipimo cha kamera, weka milia ya pundamilia (ile inayotokea kwenye kioo kuonyesha kiwango cha mwanga) asilimia 50 kwa uso wa mtu mweusi, si 70 inayotajwa kwenye vitabu vya zamani ambayo ilipangwa kwa ngozi nyeupe. Kama anga nyuma linachomeka, badilisha pembe au shusha kamera ili jiwe au nyasi zizibe anga. Usishushe mwanga wa uso ili kuokoa mawingu. Shati jeupe kabisa pia lipigwe marufuku: lichovye kwenye chai kidogo, likauke, na kwenye picha litabaki jeupe bila kuchoma.

Mtumbwini

Stendi ya kamera iache nchi kavu. Ukiikaza kwenye mtumbwi, kamera inacheza pamoja na mtumbwi, mwigizaji anabaki ametulia kwenye fremu na upeo wa ziwa ndio unaopanda na kushuka. Mtazamaji anachefukwa. Keti chini, magoti yamepanuka, kamera karibu na kifua, lenzi pana ya milimita 24 hadi 35, na mwili wako uumeze mtikisiko. Hesabu ya Freund bado inafaa: uzito nyuma ulingane na uzito mbele. Betri ya nje ukiifunga mgongoni kwa mkanda, mikono inadumu mara mbili.

Gimbo, mkono wenye mota unaotuliza kamera, inafaa injini ikiwa imezimwa tu. Mtetemo wa injini ya mashua unapita kwenye ubao hadi kwenye mota zake, nayo inaanza kutetemeka kwa haraka kiasi cha picha kuonekana kama jeli. Mpiga picha wa Kijerumani Jost Vacano alipokuwa na kazi ya kukimbia na kamera ndani ya nyambizi nyembamba, kwa filamu ya 1981, aliifunga kamera ndogo kwenye mashine yenye jairoskopu na kuishika mkononi. Alichagua kifaa kidogo kilichopita mlangoni. Fikiri hivyohivyo: kamera ndogo unayoweza kuishika kwa saa mbili ni bora kuliko kubwa inayokufanya uombe msaada.

Mpangilio wa boti ni huu. Boti ya kamera na boti ya waigizaji ni mbili tofauti, na ya tatu tupu, yenye nahodha, kwa ajili ya kuokoa. Kila mtu avae jaketi la kuokoa maisha, na mwigizaji ambaye jaketi lake halitakiwi kuonekana alivue kwa shoti tu, karibu na nchi kavu. Usipige ziwani kama upepo umeanza kuinua mapovu meupe. Ngurumo za Ziwa Victoria hupenda usiku na alfajiri, na mchana upepo unatoka ziwani kuja nchi kavu, kwa hiyo maji yaliyotulia zaidi huyapata asubuhi mapema baada ya usiku usio na mvua. Thomas Mauch, Mjerumani mwingine mpiga picha aliyewahi pia kuongoza, alipasuka mkono meli ilipogonga miamba kwenye maporomoko ya mto huko Peru wakati wa kupiga filamu. Hakuna shoti inayostahili mkono wa mtu.

Maji ya kina kifupi yenye magugu yana konokono wa kichocho. Ukiandika sini ya watoto wanaocheza majini, jua unachoomba. Tafuta mahali pa wazi penye mawe na mawimbi, punguza muda, na wote walioingia majini wapimwe baadaye na wapewe dawa hospitalini.

Usiku wa dagaa

Hii ndiyo picha ambayo kila anayekuja Mwanza anaitaka: mstari wa taa gizani kama mji unaoelea. Wavuvi wa dagaa hutoka usiku wa giza, na mbalamwezi ikikaribia kujaa hupumzika kwa sababu samaki hawavutiwi na taa. Hapo kalenda ya mwezi inakuwa sehemu ya skripti yako. Sini inayohitaji taa nyingi kwenye upeo, ipangie juma la giza. Sini inayohitaji wavuvi wenyewe wakae kwenye mtumbwi wazungumze mbele ya kamera, ipangie siku za mbalamwezi, wakiwa hawana kazi na mitumbwi iko nchi kavu. Ukimwomba mvuvi aache usiku wa giza kwa ajili yako, mlipe thamani ya usiku huo.

Taa inapungua nguvu kwa mraba wa umbali. Mwigizaji aliye mita moja kutoka kwenye karabai akirudi hadi mita mbili, mwanga usoni unabaki robo, yaani stopu mbili chini. Kwa hiyo weka alama kwenye ubao wa mtumbwi pa kukaa. Anza na ISO 3200, f/2, shata 1/50, na kelvini (kipimo cha rangi ya mwanga) karibu 3200 kwa karabai ya mafuta. Siku hizi taa nyingi ni za betri, nyeupe ya kibuluu, na baadhi zinapepesa: piga sekunde kumi za majaribio, uzitazame kwenye kioo kikubwa kabla ya kutoka. Uso ukiwa umeungua upande wa taa, funga nusu ya taa kwa karatasi ya kaki upande wa kamera. Wadudu wa ziwani watakuja kwenye mwanga kwa maelfu, kama moshi. Wanapendeza kwa mbali, ila wanaingia kinywani mwa mwigizaji na kwenye maiki. Piga maneno kwanza, mara tu taa inapowashwa, kabla hawajakusanyika.

Saa ya kuongoza

Hapa ndipo wapiga picha huanguka. Ukipitisha jicho kwenye kioo, ubongo unaanza kutazama kingo za fremu, na huwezi tena kusikia uongo kwenye sauti ya mwigizaji. Kwa hiyo mazoezi yafanyike bila kamera. Siku mbili kabla, kaa na waigizaji uwanjani kwa mtu, kamera ikiwa nyumbani kabisa. Siku ya kupiga, zoezi la kwanza la kila sini ulitazame kwa macho, ukiwa umesimama pale kamera itakapokuwa, mikono mfukoni. La pili lifanyike na kamera. La tatu rekodi.

Unahitaji watu watatu, hata kama bajeti haitoshi. Mmoja wa kuvuta fokasi, yaani kuweka ukali wa picha, na kubeba lenzi. Mmoja wa sauti. Na mmoja wa kusema hapana: msaidizi wa dairekta, mwenye saa mkononi na kauntabuku yako, ambaye ana ruhusa ya kukuambia shoti hii haimo kwenye mpango na jua limebaki dakika tisa. Chagua mtu asiyekuogopa. Rafiki anayekusifu kila shoti atakugharimu siku nzima.

Baada ya kila shoti usimuulize fokasi kwanza. Mtazame mwigizaji kwanza, mwambie neno moja linaloweza kufanywa: "safari hii usimtazame hadi afike mlangoni." Maneno kama "weka hisia" hayamsaidii mtu yeyote. Ukiwa na wazee wa mwaloni, pale mitumbwi ya uvuvi inapofikia, kama waigizaji, shikamoo iende kabla ya maelekezo, na maelekezo yatolewe pembeni, si kwa kupaza sauti mbele ya wajukuu zao. Mzee aliyeaibishwa atakaa kimya hadi jioni, na haki yake.

Sauti kwa kifupi: maiki ya shingoni ndani ya nguo kwa kila mwenye maneno, maiki ndefu yenye manyoya kwa upepo, piga makofi mara moja mbele ya kamera mwanzoni mwa kila shoti ili sauti na picha zilinganishwe baadaye, na kabla ya kuondoka mahali popote rekodi dakika moja ya ukimya wa pale. Bila dakika hiyo mhariri hana cha kuzibia mapengo ya sauti.

Vibali

Anza mapema. Kibali cha kupiga filamu kinatolewa na Bodi ya Filamu Tanzania, na filamu ikikamilika inarudi kwao kukaguliwa na kupangiwa daraja la umri kabla ya kuonyeshwa. Ukiwa na barua yao, pita kwa afisa utamaduni, kisha mwenyekiti wa serikali ya mtaa, na kwenye mwalo ongea na viongozi wa kikundi cha usimamizi wa uvuvi, kwani wao ndio wanaojua nani mwenye mtumbwi upi. Kisiwa cha Saanane ni hifadhi ya taifa, kwa hiyo kinahitaji ruhusa ya TANAPA. Droni inahitaji kibali cha Mamlaka ya Usafiri wa Anga, na kumbuka uwanja wa ndege wa Mwanza uko kando ya ziwa. Bandari, kivuko na daraja la Kigongo–Busisi usivipige bila barua inayovitaja kwa jina.

Kadi na diski

Kamera inayorekodi megabiti 100 kwa sekunde inakula gigabaiti 45 kwa saa. Filamu ya dakika 15 ukipiga mara nane ya urefu wake ni saa mbili, gigabaiti 90. Kwa megabiti 400 ni gigabaiti 360. Nunua diski mbili zinazolingana, nakili kadi kwenye zote mbili kila jioni, fungua faili tatu kuhakiki, ndipo ufute kadi. Diski moja ilale kwako na nyingine kwa ndugu, mtaa mwingine. Lenzi zikitoka chumba chenye kiyoyozi zikakutana na hewa ya ziwa zinalia jasho: ziache ndani ya mkoba uliofungwa nusu saa. Na ukungu unaota ndani ya lenzi iliyofungiwa ikiwa na unyevu, hausafishiki kwa kitambaa.

Mkataba na majina

Vacano yuleyule wa nyambizi aliingia mahakamani Ujerumani kuanzia 2008 akidai nyongeza, kwa kuwa filamu ilifanikiwa kupita kiasi ukilinganisha na malipo yake ya mwanzo. Msingi wa madai yake ni kwamba mpiga picha naye ni mtunzi mwenza wa filamu. Miaka kwa miaka ya kesi, kwa jambo ambalo karatasi moja ya siku ya kwanza ingelipunguza. Kwa hiyo ukiwa umefanya kazi tatu, andika mikataba mitatu au vifungu vitatu vyenye malipo tofauti: uandishi, uongozaji, upigaji picha. Mwenye fedha akisema "yote ni wewe, tuandike moja," mweleze kwamba siku filamu ikinunuliwa na televisheni, haki ya skripti na haki ya picha zinaweza kwenda njia tofauti. Sajili skripti COSOTA, ofisi ya hakimiliki, kabla hujamtumia mtu yeyote. Waigizaji, wenye mitumbwi na wenye nyumba wasaini ridhaa siku hiyohiyo ya kupiga, kwa lugha wanayoisoma, na asiyesoma asomewe mbele ya shahidi.

Kwenye majina ya mwisho wa filamu, usijaze skrini kwa jina lako mara tatu mfululizo. Weka mstari mmoja: "Imeandikwa, kuongozwa na kupigwa picha na," kisha jina. Chini yake mvuta fokasi, mtu wa sauti na aliyeshika kauntabuku wapate kila mmoja skrini yake, sekunde tatu kamili.